Mtunzi Mbele ya Watunzi Wenzake: Uhakiki wa Tamthilia katika Maandishi ya Ngũgĩ wa Thiong'o

1. Utangulizi



Katika taaluma ya fasihi tumezoea kuigawa kazi mafungu mawili. Upande mmoja yupo mtunzi, ambaye hubuni. Upande wa pili yupo mhakiki, ambaye hukichambua kile kilichobuniwa. Mgawanyo huu una manufaa yake darasani, lakini historia ya tamthilia ya Afrika Mashariki haiukubali kwa urahisi. Ebrahim Hussein, aliyetunga Kinjeketile na Mashetani, ndiye aliyeandika tasnifu ya uzamivu kuhusu maendeleo ya sanaa za maonyesho Afrika Mashariki, aliyoiwasilisha Berlin mwaka 1975. Penina Muhando, aliyetunga Hatia na Nguzo Mama, ndiye aliyeandika Fasihi na Sanaa za Maonyesho (1976) akishirikiana na Ndyanao Balisidya. Kwa hiyo mtunzi-mhakiki si mgeni miongoni mwetu. Tulilokosa ni kumtazama kwa makini anapofanya kazi zote mbili kwa wakati mmoja, na kuuliza: mtunzi anapozihakiki tamthilia za wenzake, huwa anatafuta nini ndani yake?

Mhadhara huu unalijibu swali hilo kwa kumchukua mtunzi mmoja, Ngũgĩ wa Thiong'o, aliyezaliwa mwaka 1938 huko Limuru na kufariki mwezi Mei 2025. Wengi humjua kwanza kama mwandishi wa riwaya. Hata hivyo, tamthilia ndiyo iliyoyabadilisha maisha yake: ndiyo iliyomfanya awekwe kizuizini, na ndiyo iliyomtoa katika Kiingereza. Sababu ya kumleta katika mhadhara wa taaluma za Kiswahili ni kwamba uhakiki wake unatuhusu moja kwa moja. Hoja zake kuhusu lugha, umma na jukwaa zimenukuliwa na wanafunzi wetu kwa miongo mingi, mara nyingi kama kanuni zilizokwisha thibitishwa. Mimi napendekeza tuzisome kama hatua za mjadala wa mtunzi na watunzi wenzake. Tukizisoma hivyo, tutaona nguvu yake, na tutaona pia mahali ambapo Kiswahili kilistahili nafasi kubwa kuliko kilichopewa.

Nitaonyesha kwamba uhakiki wa Ngũgĩ ulichukua sura tatu. Sura ya kwanza ni insha, ambamo anazichambua kazi za mwenzake kwa hoja. Ya pili ni tamthilia yenyewe, ambayo inaijibu tamthilia nyingine. Ya tatu ni utendaji wa jukwaani, ambao humlazimisha mtunzi azihakiki kazi zake mwenyewe. Sura hizi tatu zinafuatana kwa mantiki, na kila moja inazaliwa na upungufu wa ile iliyoitangulia.

2. Insha: swali aliloulizwa Soyinka

Mwaka 1972 Ngũgĩ alichapisha kitabu chake cha kwanza cha insha, Homecoming. Ndani yake imo insha kuhusu sauti ya kejeli katika kazi za Wanijeria wawili, Wole Soyinka na mwandishi wa riwaya T. M. Aluko. Soyinka wakati huo alikuwa tayari mtunzi mashuhuri. Alikuwa ameandika A Dance of the Forests kwa ajili ya uhuru wa Nijeria mwaka 1960, na baadaye The Road na Kongi's Harvest. Ngũgĩ hakumwendea kama adui. Anamsifu kwa ujasiri wa kuuanika uozo wa watawala wapya, na kwa upana wa jicho lake linaloitazama jamii nzima.

Baada ya sifa hizo ndipo unapokuja ukosoaji. Kwa maoni ya Ngũgĩ, mtu mwema katika ulimwengu wa Soyinka ni mtu binafsi ambaye hajachafuliwa, anayesimama peke yake kuukabili uovu. Mtazamo huo wa kiliberali unamfanya mtunzi auhusudu ushujaa wa mtu mmoja na kuusahau uwezo wa umma wa kuumba historia. Wakulima na wafanyakazi wamo katika tamthilia hizo, lakini wamo kama watazamaji wa pembeni, au kama wachekeshaji wa kuhurumiwa. Kutokana na hayo Ngũgĩ anatoa kauli pana zaidi: haitoshi msanii wa Afrika kusimama kando akiyaonyesha maovu ya jamii, hana budi kuvitafuta vyanzo vya maovu hayo na mwelekeo wa mapambano yatakayoyaondoa.

Je, uamuzi huu ni wa haki? Tuuchunguze kwa mifano. Katika Kongi's Harvest, anayeongoza upinzani dhidi ya dikteta Kongi ni Daodu, mrithi wa mfalme Danlola, akishirikiana na Segi. Ni kweli kwamba anao wakulima nyuma yake, lakini uzito wa kitendo unawaangukia watu wachache mashuhuri. Hapa Ngũgĩ ameona sawasawa. Katika The Road mambo ni magumu zaidi. Madereva, utingo na vijana wasio na kazi wanaokusanyika katika kibanda cha Profesa hawaanzishi mapambano yoyote, hilo ni wazi. Hata hivyo wao ndio wenye jukwaa. Kotonu, dereva aliyekataa kuendesha tena baada ya kushuhudia ajali, na Samson, anayewaigiza matajiri kwa mzaha, wana sauti zao na hofu zao. Kutotenda kwao ndiyo mada ya tamthilia: ni watu ambao barabara, yaani uchumi mpya wenye kasi na mauti, imewameza. Mhakiki anayewadai waandamane anaidai tamthilia nyingine, ambayo haijaandikwa.

Na hilo ndilo jambo la kuzingatia. Mhakiki ambaye si mtunzi akiidai tamthilia ambayo haijaandikwa, tunasema amekosea njia. Mtunzi akifanya hivyo, huenda anajiagizia kazi. Ngũgĩ wa mwaka 1972 alikuwa ametunga The Black Hermit, iliyoigizwa Kampala mwezi Novemba 1962 na kutafsiriwa baadaye kwa Kiswahili kwa jina la Mtawa Mweusi. Shujaa wake, Remi, ni msomi mpweke anayejiona amebeba mzigo wa kabila lake na chama chake. Kwa maneno mengine, dosari anayomwonyesha Soyinka ni dosari ya shujaa wa Ngũgĩ mwenyewe miaka kumi nyuma. Insha ile inaonekana kumlenga Mnijeria, lakini inasafisha pia uwanja wa mwandishi wake. Swali lililobaki mezani lilikuwa hili: umma ukipewa nafasi ya mbele jukwaani, utaonekanaje?

3. Tamthilia kama jibu: Kimathi wawili

Jibu la kwanza lilikuja mwaka 1976, Ngũgĩ alipochapisha The Trial of Dedan Kimathi akishirikiana na Micere Githae Mugo. Tafsiri yake ya Kiswahili, Mzalendo Kimathi, ilitoka mwaka 1978. Kimathi wa historia alikamatwa mwezi Oktoba 1956, akahukumiwa Nyeri, na akanyongwa tarehe 18 Februari 1957. Katika dibaji yao watunzi wanaeleza kwamba hawakukusudia kuirudia kesi ile kama ilivyoandikwa na mahakama ya kikoloni. Walikusudia kuujenga upya kwa ubunifu utashi wa wakulima na wafanyakazi waliokataa kuvunjwa.

Miaka miwili kabla, mwaka 1974, Kenneth Watene alikuwa amechapisha tamthilia iitwayo Dedan Kimathi. Watene anamwonyesha kiongozi wa msituni aliyezingirwa na shaka, anayewadhania wenzake usaliti na kuwaadhibu kwa ukali. Wahakiki wengi wameisoma kazi ya Ngũgĩ na Mugo kama jibu kwa kazi hiyo, na usomaji huo unaungwa mkono na muundo wa tamthilia yenyewe. Nitaje mambo matatu.

Kwanza, watunzi hao wawili wanamhamisha Kimathi. Watene anamweka msituni, mahali ambapo adui wa karibu ni mwenzake. Ngũgĩ na Mugo wanamweka katika seli na kizimbani, mahali ambapo adui anaonekana bayana. Majaribu yanamjia seliniː wenye benki, mfanyabiashara, mwanasiasa, padri, kila mmoja na bei yake. Kwa kubadilisha mandhari, wamelibadilisha swali. Swali si tena kama Kimathi alikuwa mkali kupita kiasi. Swali ni kama atanunuliwa.

Pili, wanaigeuza dosari ya shujaa. Katika onyesho la msituni, Kimathi wao anawahukumu wasaliti, mmojawapo ndugu yake wa damu, na badala ya kuwaua anawahurumia. Wanatoroka, na huruma hiyo inamgharimu. Pale ambapo Watene aliona ukatili uliozidi, wao wanaona upole uliozidi. Hakuna insha ambayo ingeweza kulijibu dai la Watene kwa ukamilifu namna hii. Insha ingekanusha; tamthilia inauweka ushahidi wa kinyume mbele ya macho ya hadhira.

Tatu, na hili ndilo linalotuunganisha na insha ya mwaka 1972, wanamweka mbele mhusika asiye na jina, Mwanamke, ambaye anaibeba silaha iliyofichwa ndani ya mkate na kuwafundisha Mvulana na Msichana maana ya kujitoa. Mwishoni sauti inayobaki ni ya umati wa wakulima na wafanyakazi wakiimba, na wimbo wao ni wa Kiswahili. Soyinka aliulizwa: umma uko wapi? Mzalendo Kimathi inajibu: uko hapa, na utaendelea baada ya hukumu.

Hata hivyo, mwanafunzi makini atagundua mvutano ambao watunzi hawakuumaliza. Tamthilia iliyoandikwa kuukweza umma inabaki na jina la mtu mmoja katika anwani yake, na mtu huyo ana hotuba ndefu kuliko wote. Kimathi wao ni safi mno. Hata kosa lake ni wema. Kwa kumkinga dhidi ya Watene, wamekaribia kumrudisha yule shujaa mpweke waliyemlalamikia kwa Soyinka. Hapa tunajifunza tabia moja ya uhakiki wa watunzi. Mtunzi anaweza kuliona tatizo katika kazi ya mwenzake kwa uwazi kabisa, kisha likamfuata hadi katika kazi yake mwenyewe kupitia mlango mwingine.

4. Jukwaa la taifa na kujihakiki

Mzalendo Kimathi na Betrayal in the City ya Francis Imbuga ndizo tamthilia zilizochaguliwa kuiwakilisha Kenya katika tamasha la FESTAC jijini Lagos mwaka 1977. Kabla ya safari, mwezi Oktoba 1976, ziliigizwa katika Kenya National Theatre jijini Nairobi, jengo lililofunguliwa mwaka 1952. Ngũgĩ ameeleza mara kadhaa jinsi tamthilia hizo za Kenya zilivyobanwa katika siku chache, kati ya maonyesho ya kigeni yaliyokwisha kutengewa nafasi. Ameeleza pia jinsi hadhira ilivyoungana na waigizaji katika wimbo na ngoma hadi nje ya jengo.

Kutokana na tukio hilo angeweza kubaki na lawama kwa wasimamizi wa jumba. Alikwenda mbali zaidi. Katika sura ya lugha ya tamthilia ya Kiafrika, iliyomo katika Decolonising the Mind (1986), anaitazama tamthilia nzima ya Kenya ya miaka ya 1960 na 1970. Anawataja watunzi na waongozaji wa kizazi chake kwa heshima: Imbuga, Watene, Mugo, Seth Adagala, Tirus Gathwe, David Mulwa na wengineo. Anakubali kwamba waliuleta uhai wa Kiafrika katika majumba yaliyokuwa ya wageni. Kisha anasema kwamba mageuzi yale yalikuwa na mpaka, na mpaka wenyewe ulikuwa lugha. Watunzi walikuwa wamewaweka wakulima jukwaani, lakini wakulima wale walikuwa wakizungumza Kiingereza.

Jambo la kupendeza ni kwamba mfano wake mkali anautoa katika kazi zake mwenyewe. Anaeleza kwamba mama mkulima katika The Black Hermit anazungumza kwa mshairi uliokaribia sauti ya T. S. Eliot. Anaeleza pia kwamba Mzalendo Kimathi katika Kiingereza chake inaitaka hadhira ijifanye kuamini kwamba inasikia lugha ya Kiafrika. Nyimbo zilikuwa za Kigĩkũyũ na Kiswahili, lakini mawazo na majibizano yalizaliwa katika Kiingereza. Ukosoaji uliomwanzia Soyinka, ukapitia kwa Watene, sasa umefika nyumbani.

Ninawaomba wanafunzi waizingatie hatua hii. Katika insha ya mwaka 1972 kigezo kilikuwa maudhui: nani anatenda, na kwa niaba ya nani? Katika kitabu cha mwaka 1986 kigezo kimehamia kwenye fani, kwa kuwa lugha ya majibizano ni suala la fani kabla ya kuwa suala la itikadi. Mara nyingi husemwa kwamba uhakiki wa Kimarx ulipuuza fani. Kwa habari ya Ngũgĩ, kazi ya jukwaani ilimlazimisha aifikie. Muigizaji akisimama mbele ya watu, haiwezekani kulikwepa swali la maneno gani yanatoka kinywani mwake.

5. Kamĩrĩĩthũ: wanakijiji kama wahakiki

Sura ya tatu ya uhakiki huu ilianza kijijini. Mwaka 1977, katika Kituo cha Elimu na Utamaduni cha Kamĩrĩĩthũ huko Limuru, Ngũgĩ wa Thiong'o na Ngũgĩ wa Mĩriĩ walitunga Ngaahika Ndeenda, inayojulikana kwa Kiswahili kama Nitaolewa Nikipenda. Kĩmani Gecaũ aliiongoza. Wanakijiji walijenga wenyewe ukumbi usio na paa, wenye uwezo wa kuchukua watu wapatao 2,000. Mazoezi yalianza mwezi Juni. Onyesho la kwanza lilifanyika tarehe 2 Oktoba. Serikali ikalipiga marufuku tarehe 16 Novemba. Mwisho wa mwaka huo Ngũgĩ alikamatwa, akakaa kizuizini bila kushtakiwa hadi mwezi Desemba 1978.

Mambo hayo ya kisiasa yanajulikana. Lisilozungumzwa vya kutosha ni kile kilichotokea katika mazoezi. Mswada ulisomwa hadharani, na waliokuwa wakisikiliza waliukosoa. Wazee walizirekebisha kauli za wahusika wazee, wakieleza kwamba mtu wa umri ule hasemi vile. Wenye kuijua gĩtiiro, yaani nyimbo za kujibizana za arusi, walidai mpangilio wake ufuatwe inavyostahili. Wafanyakazi wa viwandani na mashambani walileta maelezo ya mishahara yao na ya kazi yenyewe. Kwa hiyo matini iliyochapishwa baadaye ilikuwa imepita katika uhakiki wa watu ambao hawakuwahi kuitwa wahakiki.

Hapa ndipo swali la mwaka 1972 linapopata jibu lake la pili, na lililo bora zaidi. Katika Mzalendo Kimathi umma uliwekwa mbele na watunzi wasomi. Katika Ngaahika Ndeenda umma uliingia mahali pa mtunzi na pa mhakiki. Dai la kwamba wakulima wasibaki watazamaji halikutimizwa kwa kuwaandikia wahusika wenye ushujaa zaidi. Lilitimizwa kwa kuwapa mamlaka juu ya sentensi. Bila shaka ndiyo sababu adhabu ilikuwa kubwa. Vitabu vya Ngũgĩ vilivyoikosoa serikali kwa Kiingereza, pamoja na riwaya ya Petals of Blood ya mwaka huohuo, viliendelea kuuzwa. Mwaka 1982, kundi hilohilo lilipotaka kuigiza Maitũ Njugĩra, lilifungiwa milango ya Kenya National Theatre, na mwezi Machi polisi wakaubomoa ukumbi wa Kamĩrĩĩthũ.

6. Peter Brook na uwanja usio mtupu

Mfano mwingine unatuonyesha jinsi mhakiki huyu alivyoweza kulirudia wazo la mwenzake na kulibadilishia maana. Mwongozaji Mwingereza Peter Brook alichapisha mwaka 1968 kitabu kiitwacho The Empty Space, ambacho kinaanza na dai kwamba mahali popote patupu panaweza kuwa jukwaa, mradi mtu apite na mwingine amtazame. Katika Decolonising the Mind Ngũgĩ analipokea wazo hilo kwa mikono miwili. Linamfaa kueleza kwamba sanaa za maonyesho za Kiafrika kabla ya ukoloni hazikuhitaji jengo. Zilikuwa sehemu ya kilimo, jando, arusi na msiba. Ukoloni, kwa mujibu wa maelezo yake, uliuharibu uwanja huo mtupu kwa kuiingiza tamthilia katika kumbi za shule, za kanisa na za manispaa.

Katika Penpoints, Gunpoints, and Dreams (1998), kitabu kilichotokana na mihadhara aliyoitoa Oxford mwaka 1996, Ngũgĩ analirudia wazo lilelile na safari hii analipinga. Uwanja, anasema, unaweza kuwa wazi, lakini hauwi mtupu kamwe. Umejaa historia, umejaa mahusiano ya watu, umejaa mamlaka ya anayemiliki ardhi na ya anayetoa kibali cha kukusanyika. Kati ya usomaji wa kwanza na wa pili, Brook hakubadilisha neno. Aliyebadilika ni msomaji, ambaye sasa alikuwa na miaka mingi ya uhamishoni ya kuutafakari ukumbi uliobomolewa. Mtu aliyeona tingatinga la dola likiingia katika ukumbi wa wanakijiji hawezi tena kuuita uwanja mtupu.

Mfano huu una faida kwa wanafunzi wa nadharia. Tunaponukuu kauli ya mtunzi-mhakiki, hatuna budi kutaja ni ya mwaka gani na ilizaliwa na onyesho lipi. Nadharia yake ya jukwaa ni historia ya majukwaa aliyoyapoteza.

7. Nafasi ya Kiswahili

Nafika sasa kwenye jambo lililonifanya nilichague somo hili. Katika tamko lililomo mwanzoni mwa Decolonising the Mind, Ngũgĩ anaaga Kiingereza katika uandishi wake na kuahidi kwamba kuanzia hapo ataandika kwa Kigĩkũyũ na Kiswahili. Sehemu ya kwanza ya ahadi aliitimiza kwa riwaya, insha na jarida la Mũtĩiri, alilolianzisha mwaka 1994. Kiswahili kwa upande wake kiliishi katika kazi zake kwa njia ya tafsiri zilizofanywa na wengine. Simlaumu kwa hilo. Mtu huandika kwa lugha inayomjia usingizini. Lakini mhakiki anaposimulia historia ya tamthilia, ukimya wake una matokeo.

Tutazame mfano wa nyumbani. Ngũgĩ alisoma Alliance High School kuanzia mwaka 1955 hadi 1958, shule ambayo kila mwaka iliigiza tamthilia ya Shakespeare. Katika mazingira hayohayo wanafunzi walitunga tamthilia za Kiswahili: Henry Kuria na Nakupenda, Lakini..., Bethuel Kurutu na Atakiwa na Polisi, Gerishon Ngugi na Nimelogwa! Nisiwe na Mpenzi. Ngũgĩ anawataja watunzi hao. Lakini kuwataja si kuwachambua. Vijana wale, katikati ya Hali ya Hatari, walikuwa wamelitatua kwa vitendo tatizo ambalo yeye alikuja kulitambua miaka ishirini baadaye: Mwafrika wa jukwaani azungumze lugha ambayo hadhira yake inaielewa. Maudhui yao ni ya mapenzi, pombe na maisha ya mjini, na ni rahisi kuyaona mepesi. Hata hivyo, kwa kigezo cha mwaka 1986, Kuria alimtangulia mwandishi wa The Black Hermit.

Mfano wa pili ni Kinjeketile ya Ebrahim Hussein, iliyochapishwa mwaka 1969. Hussein analiuliza swali la kiongozi na umma kwa namna ambayo Mzalendo Kimathi haikuthubutu. Katika utangulizi wake anatutahadharisha kwamba Kinjeketile wake ni wa ubunifu, si nakala ya yule wa historia. Mhusika huyo anawaletea watu maji yanayowaunganisha, kisha anashindwa kuwazuia wasikimbilie vita kabla ya wakati. Umma hapa si mtazamaji wa pembeni, wala si kwaya inayomwitikia shujaa. Umma umelichukua neno la kiongozi na kulifanya lake, hata yeye mwenyewe hawezi kulirudisha. Mwishoni, mikononi mwa Wajerumani, anakataa kutamka kwamba maji yalikuwa uongo, kwa kuwa anajua neno hilo limekwisha kuwa mali ya watakaozaliwa. Hussein anauonyesha umma wenye nguvu na wenye kukosea, na anamwonyesha kiongozi mwenye maono na mwenye shaka. Aliyafanya hayo kwa Kiswahili, miaka mitatu kabla ya insha ya Homecoming.

Alamin Mazrui naye, katika Kilio cha Haki (1981), aliwaweka jukwaani wafanyakazi wa shamba la mlowezi wakiongozwa na mwanamke, Lanina, na akafanya hivyo kwa Kiswahili nchini Kenya kwenyewe. Mwaka uliofuata aliwekwa kizuizini. Kwa hiyo hoja kwamba lugha ya Kiafrika jukwaani huitisha dola haikuthibitishwa na Kamĩrĩĩthũ pekee.

Na kuna kinaya kimoja ambacho historia imetuandalia. Soyinka yuleyule aliyekosolewa mwaka 1972 kwa kuusahau umma ndiye aliyekuwa Katibu Mkuu wa Umoja wa Waandishi wa Watu wa Afrika, ambao mwaka 1975 mjini Accra ulipendekeza Kiswahili kiwe lugha ya bara zima. Mnijeria asiyezungumza Kiswahili alikitetea. Mkenya aliyekua karibu nacho alikwenda kwanza katika lugha ya mama yake. Mimi sioni kwamba mmoja alimshinda mwingine. Soyinka alikuwa akiifikiria hadhira ya bara. Ngũgĩ alikuwa akiifikiria hadhira ya kijiji kimoja iliyoweza kumrekebisha sentensi. Swali la lugha gani litumike jukwaani halijibiki kabla ya kuulizwa: ni nani atakayekuwa na haki ya kuirekebisha?

8. Hitimisho

Tumeona kwamba mtunzi anapozihakiki kazi za wenzake, huzisoma kwa haja. Haja hiyo humpa ukali wa jicho, na pia humnyima haki nyingine. Ngũgĩ alimwonea Soyinka kwa kiasi fulani katika The Road, akambana Watene kwa kumtengenezea Kimathi asiye na doa, na akapita haraka mbele ya watunzi wa Kiswahili waliokuwa na majibu aliyoyatafuta. Lakini ni haja hiyohiyo iliyomtoa katika insha hadi kwenye tamthilia, na kutoka kwenye tamthilia hadi kijijini, ambako alikubali kuhakikiwa na mzee aliyejua jinsi mzee anavyosema.

Kwa wanafunzi wetu nina mapendekezo mawili. La kwanza, msizisome tamthilia moja moja tu kama zilivyopangwa katika silabasi. Someni Mzalendo Kimathi na Dedan Kimathi ya Watene kwa pamoja, kisha mziweke zote mbili mbele ya Kinjeketile. Tamthilia hizi zinahojiana, na mahojiano hayo ni uhakiki uliokwisha kuandikwa bila ya kuitwa uhakiki. La pili, historia ya tamthilia za Kiswahili za miaka ya 1950 bado inasubiri msomaji atakayeipa uzito unaostahili. Watunzi wake walikuwa vijana wa shule, na vitabu vyao vilikuwa vidogo. Lakini walikuwa wa kwanza kati ya Wakenya kuamini, na kuchapisha imani hiyo, kwamba lugha hii inatosha kusimama jukwaani. Ngũgĩ alituachia swali zuri la kuwauliza. Kazi ya kuwauliza ni yetu.